Namna ya kunasa singo ya santuri ya kopi chache ya bendi ya elektroniki, kuikagua na kuicheza

Bendi unayoipenda imetangaza singo mpya, inatoka kwenye santuri tu, kopi 300, kila moja ina namba yake, na ndani ya saa moja watu wameshaanza kuulizana zimebaki ngapi. Hapo ndo wengi wanalipa kwanza alafu wanasoma maelezo baadaye. Mimi hizi singo nazipenda sana na ndo sababu naandika hapa, manake naona watu wanakimbizana na ile 300 wakati namba yenyewe haikwambii chochote kuhusu sauti. Cha kuangalia ni nini kimechongwa kwenye ile sahani, kimechongwaje, na wewe utaichezea kwenye mashine gani. Ukiyajua hayo matatu utajua singo ipi ya kuamkia alfajiri na ipi ya kuiacha ipite.

Hatua ya 1: Soma tangazo lote, ujue unauziwa kitu gani

Anza na ukubwa na spidi. Singo zinakuja inchi 7, inchi 10 na inchi 12, yaani kama sentimita 17.5, 25 na 30, na zinazunguka mara 45 au mara 33 na theluthi moja kwa dakika. Kwa muziki wa elektroniki mimi nachukua inchi 12 ya spidi 45 kila nikipewa nafasi ya kuchagua. Ule mdundo wa chini na besi ya sintesaiza vinataka mfereji mpana, ule mstari uliochongwa ambao sindano inapita ndani yake, kwasababu sindano inayumba kulia na kushoto kwa nguvu, sasa nafasi ikiwa ndogo fundi anayechonga inabidi ashushe sauti au apunguze besi ili mifereji isiingiliane. Inchi 12 yenye wimbo mmoja kila upande ina nafasi ya kumwaga, na spidi 45 inapitisha mfereji chini ya sindano kwa kasi zaidi ya 33 kwa asilimia 35, kwahiyo zile sauti kali za juu, hi-hat na kadhalika, zinatoka safi.

Hii haikuanzia kwenye elektroniki, ilianzia kwenye disko Marekani miaka ya 70. Tom Moulton, mtengeneza rimiksi, alikuwa anachongesha sahani ya majaribio, ya kusikilizia tu, zile tupu za inchi 7 zikawa zimeisha, ikabidi ichongwe kwenye kubwa, mifereji ikatandazwa ili ijaze nafasi na sauti ikatoka kubwa, besi imeshiba, wenyewe wakashangaa. Mwaka 1976 lebo ya Salsoul, yaani kampuni inayotoa muziki, wakatoa Ten Percent ya kundi la Double Exposure kama singo ya inchi 12 ya kuuzwa madukani, na kutoka hapo ma-DJ hawakutaka kingine. Ndo maana ilipofika Machi 1983 bendi ya New Order ya Uingereza wakatoa Blue Monday kupitia lebo ya Factory kwenye inchi 12, wimbo wa dakika saba na nusu, kitu ambacho usingekitoa vizuri kwenye inchi 7 hata ungebembeleza vipi.

Kwahiyo ukiona bendi inatoa wimbo wa dakika nane kwenye inchi 7, uliza kama umekatwa. Mara nyingi umekatwa, ni ile veshoni fupi ya redio, na ile ndefu uliyoisikia kwenye shoo iko kwenye faili la kidijitali tu.

Alafu angalia imetengenezwaje. Kuna santuri iliyokandamizwa kiwandani, na kuna iliyochongwa moja moja kwa mashine, kila kopi inachongwa peke yake kwa muda uleule wa wimbo. Hizi za pili ndo zinazotoka kopi 20, 30, 50, kwasababu kiwanda hakiwezi kukuwashia mashine kwa kopi 30, viwanda vingi havipendi kushuka chini ya 100 na vingine wanataka 300. Zilizochongwa moja moja zina uzuri wake, ila mara nyingi sauti iko chini, besi nyembamba na mkwaruzo ni mwingi kidogo kuliko ya kiwandani. Kama bendi yenyewe ni ya sauti za mbali zinazoelea, ambienti, sawa. Kama ni tekno ya kutikisa ukuta, mimi ningesubiri itoke ya kiwandani.

Rangi nayo usiichukulie juujuu. Rangi moja tupu siku hizi inasikika vizuri sawa na nyeusi kama kiwanda kinajua kazi. Zenye picha ndani ndo za kuwa nazo makini, kwasababu ile picha ni karatasi, na mifereji imekandamizwa kwenye utando mwembamba wa plastiki juu yake, mkwaruzo wa chini unasikika hasa kwenye sehemu tulivu za wimbo. Zinazong'aa gizani pia huwa na kelele zaidi. Kraftwerk, bendi ya Ujerumani, walifanya hivyo mapema, 1978, Neon Lights ilitoka Uingereza kwenye inchi 12 inayong'aa gizani, na ni kitu kizuri mno kukiona taa zikizimwa. Kama unanunua ya namna hiyo nunua ukijua unanunua macho na masikio kwa pamoja, na tafuta nyeusi ya kusikilizia.

Hatua ya 2: Hiyo "kopi chache" ni chache vipi?

Hapa pana mambo na watu wanapigwa sana hapa, twende polepole.

Kuna kopi chache ya kweli, yaani wimbo huo au rimiksi hiyo haipo kwenye santuri nyingine yoyote. Kuna kopi chache ya rangi, yaani bluu ziko 300 lakini nyeusi iliyotoka kwenye mchongo uleule wa kwanza iko kibao na inauzwa nusu bei. Na kuna kopi chache ya muda, wanapokea oda kwa wiki mbili alafu wanatengeneza kiasi kilichoodiwa, ambayo inaweza ikawa kopi 200 au 20,000, hakuna ajuaye mpaka dirisha lifungwe. Zote tatu zitaandikwa toleo maalum. Ni kazi yako kutafuta neno linalosema ni ipi.

Lebo nyingine zilikuwa na ustaarabu wa kuonyesha kwenye namba ya katalogi. Mute walivyokuwa wanatoa singo za Depeche Mode miaka ya 80, inchi 7 ilianza na 7 BONG, inchi 12 ilianza na 12 BONG, na ile maalum ikawekewa L mbele, L12 BONG, kwahiyo ukiwa dukani unageuza mgongo wa kava tu unajua. Na ile yenye L mara nyingi ilikuwa na rimiksi tofauti au nyimbo za laivu, ilikuwa na sababu ya kuwepo. Hiyo ndo singo ya kopi chache ninayoiheshimu, inakupa muziki ambao ile ya kawaida haina.

Sasa kuhusu namba iliyopigwa muhuri, 17/300 au 254/300. Watu wanaamini namba ndogo ina sauti nzuri zaidi kwasababu ilikandamizwa kwanza bamba likiwa bado kali. Fikiria jinsi kazi inavyokwenda. Bamba la chuma la kukandamizia linatoa kopi zaidi ya elfu moja kabla halijachoka, kwahiyo kopi 300 zote zimetoka kwenye bamba moja bado bichi kabisa. Alafu namba inapigwa kwenye kava, na sahani zinaingizwa kwenye makava baadaye bila mtu kufuatilia ipi ilitoka kwanza. Namba 1 na namba 300 ni sawasawa. Usimuongezee mtu hela kwa ajili ya namba ndogo labda kama unaipenda tu hiyo namba, na hilo halina ubaya.

Kuna chache nyingine ni chache mpaka basi. Aprili 20, 2013, ile Record Store Day, yaani siku ya maduka ya santuri, kundi la Boards of Canada waliingiza kimyakimya madukani inchi 12 ambayo kava lake limeandikwa vistari na herufi X tu, moja ikapatikana duka la Other Music New York, ndani ina sauti fupi na mtu anasoma tarakimu sita. Ilikuwa kipande cha fumbo lililoishia kwenye kutangazwa albamu ya Tomorrow's Harvest ya Juni mwaka huohuo. Kitu kama hicho hukipangii mkakati, unakutana nacho ukiwa unapekua makasha. Kwahiyo ukiwa dukani pekua mpaka mwisho, na zile kava tupu zisizo na jina usiziruke.

Hatua ya 3: Jiandae kabla ya siku ya mauzo

Singo ya kopi 300 ya bendi yenye mashabiki wa kweli inaweza kuisha ndani ya dakika chache. Fanya hivi: jiandikishe kwenye emaili za bendi na za lebo, zote mbili, kwasababu mara nyingi lebo inauza fungu lake na bendi fungu lake na maduka machache yanapata mengine. Ukikosa kwa bendi kimbilia kwa lebo, ukikosa kwa lebo angalia maduka yaliyotajwa kwenye tangazo, watu wengi wanakata tamaa kwenye mlango wa kwanza. Fungua akaunti mapema, weka anwani na kadi mapema, hakikisha kadi inakubali malipo ya nje ya nchi. Geuza saa. Tangazo likisema saa nne asubuhi ya London, kokotoa kwako ni saa ngapi, na kumbuka wenzetu wana majira ya kusogeza saa mbele na nyuma kwahiyo tofauti ya Januari sio ya Julai.

Kwenye Bandcamp, tovuti ambako bendi zinauza muziki wao, bonyeza kufuata bendi na lebo, unapata taarifa kwenye simu, na mara nyingi unaponunua santuri unapewa na faili za kidijitali hapohapo, soma kama imeandikwa hivyo.

Record Store Day ni habari nyingine. Ilianza Aprili 2008 na mpango wake ni kupeleka watu madukani, kwahiyo matoleo yake yanauzwa kwanza kwa mtu aliyesimama kwenye foleni, hakuna kuwekewa, na kwa kawaida kila mtu kopi moja ya kila toleo. Yakibaki ndo yanaenda mtandaoni baadaye, na yanabaki zaidi ya watu wanavyodhani. Orodha inatoka wiki kadhaa kabla, isome, muulize mwenye duka ameagiza nini, kwasababu kuagiza sio kupata, duka linaweza kuomba kumi likaletewa mbili.

Na kama ni oda ya mapema, ujue utasubiri. Viwanda vina foleni, sahani ya majaribio inatengenezwa, bendi inasikiliza, ikiwa na kasoro inachongwa upya. Tarehe ikisogezwa mbele wakati mwingine ni kwasababu kuna mtu ameikataa sahani ya majaribio, na huyo mtu amekutendea wema.

Hatua ya 4: Ukiikosa, nunua mtumba kwa akili

Kwanza subiri. Wiki ya kwanza walanguzi wanaweka bei ya juu kabisa kwasababu wanajua wenye hamu hawawezi kuvumilia. Wengi wao sio mashabiki, wanataka hela irudi, na baada ya miezi miwili mitatu wanaanza kushusha. Na kuna kopi zinazorudishwa, malipo yaliyoshindikana, fungu dogo ambalo bendi ilibaki nalo na inaliuza kwenye ziara. Kuna nyingine bei haishuki kamwe, hilo lipo, lakini za kupanda moja kwa moja ni chache kuliko kelele zinavyoonyesha.

Sehemu ya kuanzia ni Discogs, tovuti yenye orodha ya santuri na soko lake. Kevin Lewandowski aliianzisha mwaka 2000, na mwanzoni kabisa ilikuwa ya muziki wa elektroniki peke yake, ndo maana mpaka leo upande huu imeshiba kuliko pengine popote, hata santuri zisizo na jina utazikuta zimeandikwa. Kila toleo lina ukurasa wake na kila ukurasa unakuonyesha bei ya chini, ya kati na ya juu iliyowahi kulipwa. Angalia ile ya kati, na angalia iliuzwa mara ya mwisho lini. Bei anayotaka muuzaji sio bei ya soko, bei ya soko ni iliyolipwa.

Alafu hakikisha unanunua toleo unalolitaka na sio ndugu yake. Hapa dawa ni ile sehemu tupu isiyo na muziki kati ya mwisho wa wimbo na kibandiko cha katikati. Pale pamechongwa herufi na namba, ukiinamisha santuri kwenye mwanga unaziona, inakuwa namba ya katalogi, herufi ya upande, wakati mwingine alama ya fundi aliyechonga au ya kiwanda. Muombe muuzaji akupigie picha ya hapo, pande zote mbili, alafu linganisha na ukurasa wa Discogs herufi kwa herufi. Kava linaweza kuigizwa, kibandiko kinaweza kuchapishwa upya, lakini kuigiza mchongo ule ni kazi ngumu na waigizaji wengi hawajisumbui, au wanakosea.

Makava nayo yanasema. Blue Monday ndo mfano mzuri, lile kava lililobuniwa na Peter Saville, lililofanana na diski laini ya kompyuta, za kwanza zilikatwa matundu kweli na ndani kuna mfuko wa rangi ya fedha unaoonekana kupitia matundu, za baadaye matundu hayapo. Kava lenyewe halina jina la bendi wala la wimbo usoni, kuna vibox vya rangi pembeni ambavyo ni maandishi ya siri. Wimbo ni uleule, lakini ukilipa bei ya lenye matundu ukaletewa lisilo na matundu umepigwa, kwahiyo uliza kabla.

Viwango vya hali ya santuri ni herufi: M ni mpya haijaguswa, NM karibu na mpya, VG+ imechezwa na kutunzwa, VG ina mikwaruzo inayosikika, na G+, G, F, P huko chini usiende labda kama kitu hakipatikani kabisa. Herufi mbili zinaandikwa, moja ya sahani na moja ya kava, usichanganye. Kwa muziki wa elektroniki mimi sishuki chini ya VG+, kwasababu gitaa la kelele linaficha tik tik lakini kinanda cha sintesaiza kinachoelea peke yake hakifichi kitu. Na ujue hizi singo zilipita mikononi mwa ma-DJ, zimechezwa kwa sindano nzito, zimerudishwa nyuma na mbele kwa mkono, kwahiyo sahani inaweza kuonekana inang'aa na bado mdundo wa kwanza wa wimbo umechakaa. Muulize muuzaji ameisikiliza au ameitazama tu. Jibu lake linakwambia mengi.

Kuhusu sahani za majaribio, zile zenye kibandiko cheupe. Kiwanda kinatoa chache kwa ajili ya kusikilizwa kabla ya kutengeneza zote, kwahiyo ni adimu kiasili na bei zinaweza kuwa za kutisha. Albamu ya Caustic Window ya mwanamuziki Aphex Twin ambayo ilibaki kwenye hatua hiyo tangu 1994, kopi yake moja ilinadiwa eBay 2014 ikafika dola 46,300. Lakini hiyo ilikuwa na muziki usiopatikana kokote. Sahani ya majaribio ya singo iliyotoka kawaida ina muziki uleule, na kibandiko cheupe mtu yeyote anaweza kubandika, kwahiyo bila picha ya mchongo usitoe hela.

Hatua ya 5: Malipo na usafiri

Fupi tu. Lipa kwa njia yenye ulinzi wa mnunuzi, na mtu akikwambia mtumie kama unamtumia rafiki ili kukwepa makato, mkatalie. Kokotoa bei na usafiri na ushuru wa forodha kabla ya kubonyeza, singo moja inaweza kulipiwa usafiri unaozidi bei yake, hapo ni heri uchukue tatu kwa muuzaji mmoja. Muombe aitoe sahani nje ya kava, iwe kwenye mfuko wake wa ndani nyuma ya kava, alafu vyote viwe kati ya maboksi mawili magumu. Ikibaki ndani ya kava, boksi likidondoshwa sahani inapasua mshono wa kava kama kisu. Kama iko kwenye nailoni ya kiwandani hawezi kuitoa, hapo kubali au uombe kabisa kwamba aifungue.

Hatua ya 6: Imefika, ikague siku hiyohiyo

Usiiweke kabatini ukaisahau, kwasababu muda wa kulalamika unakimbia. Piga picha boksi kabla ya kulifungua. Kama imetoka sehemu ya baridi au boksi limekaa juani, iache masaa kadhaa ndani ya nyumba izoee hali ya hewa kwanza.

Itoe kwa kushika ukingo na katikati, vidole visiguse mifereji. Iweke kwenye pleya bila kushusha sindano, izungushe, tazama kwa pembeni. Ikipanda na kushuka kidogo sio tatizo, ikipanda ghafla sehemu moja sindano itaruka. Sasa shusha sindano na tazama mkono wa pleya: ukiyumba kushoto kulia kila mzunguko, tundu halijakaa katikati, na kwenye elektroniki utalisikia upesi kwasababu noti ndefu za sintesaiza zitakuwa zinapanda na kushuka kidogo kama mtu mwenye kizunguzungu. Hiyo ni kasoro ya kiwanda, omba ubadilishiwe. Mkwaruzo mkavu unaojirudia sehemu ileile wakati sahani inang'aa bila alama nao ni wa kiwandani. Tik tik chache za hapa na pale mara nyingi ni vumbi la karatasi na umeme tuli, isafishe kwanza kabla hujamlaumu mtu.

Sasa lile swali la kuifungua au kuiacha na nailoni. Mimi nafungua. Huwezi kujua kama sahani ina kasoro, na kwa kweli huwezi kujua hata kama iliyomo ndiyo, mpaka uitoe. Kundi la Autechre walilicheza hili vizuri mno na Anti EP ya 1994 kwa lebo ya Warp, wakati ule sheria mpya ya Uingereza ilikuwa inalenga mikusanyiko ya muziki wenye midundo inayojirudia. Waliifunga kwa stika yenye onyo, na wakaeleza kwamba wimbo wa Flutter umepangwa bila hata bari mbili, yaani vipande vya mapigo, zenye midundo inayofanana, hivyo unaruhusiwa kuchezwa, spidi 45 au 33 upendavyo. Leo kuna watu wanazo na stika haijakatwa. Mwenye kuikata alisikia Flutter, na Flutter ni wimbo mzuri sana.

Ukiifungua nailoni, kata kwa ukucha au wembe upande wa mdomo wa kava tu, stika ya nje ihamishie kwenye mfuko wa plastiki wa nje. Stika ni sehemu ya toleo, mnunuzi wa kesho ataiulizia.

Hatua ya 7: Kuicheza

Angalia spidi kwenye kibandiko. Isipoandikwa, na kwenye elektroniki mara nyingi haijaandikwa, jaribu 45 kwanza kwa inchi 12, na kama kuna sauti ya mtu utajua haraka. Kama hakuna sauti ya mtu inakuwa ngumu kweli, manake tekno ya polepole na hausi ya haraka zinaweza kuwa wimbo mmoja kwa spidi mbili. Linganisha urefu wa wimbo ulioandikwa Discogs na dakika ulizohesabu. Inchi 7 yenye tundu kubwa inahitaji kile kidude cha kuziba katikati, mara nyingi kiko kwenye boksi la pleya.

Uzito wa sindano ndo jambo kubwa kuliko yote. Fuata karatasi ya mtengenezaji wa kichwa cha sindano: Ortofon 2M Red wanasema gramu 1.8, AT-VM95E ya Audio-Technica ni gramu 2, vya ma-DJ vinafika 3 au 4. Watu wanadhani nyepesi ndo salama. Sindano nyepesi mno inaruka-ruka kwenye besi nzito na kila ikiruka inachubua ukuta wa mfereji, singo za elektroniki zimechongwa kwa sauti kubwa na zinaonyesha udhaifu huu kabla ya santuri nyingine yoyote. Zile pleya za sanduku za bei rahisi zenye mkono wa plastiki usiorekebishika, mimi singo ya kopi 300 siiweki hapo. Ukiwa na moja ya hizo, pleya ndogo yenye mkono wa kurekebishika na sindano mpya inakufaa zaidi ya singo nyingine tano.

Sindano inachakaa, nyingi ni kati ya saa 300 na 1000, andika tarehe uliyoifunga.

Na spika usiziweke meza moja na pleya. Besi inapita kwenye mbao, inarudi kwenye sindano, unasikia mvumo unaokua kila ukiongeza sauti.

Hatua ya 8: Kusafisha na kuhifadhi

Brashi ya nyuzi za kaboni kabla ya kila mchezo, mizunguko miwili mitatu. Mpya inayotoa tik tik ioshe kwa maji yaliyochemshwa na kukusanywa mvuke wake, sio ya bombani kwasababu yanaacha chumvi, weka tone la sabuni isiyo na manukato, futa kwa kitambaa laini kufuata mzunguko wa mifereji, suuza kwa maji hayohayo masafi, iache ikauke imesimama. Kibandiko kisilowe.

Badilisha mfuko wa ndani kama ni karatasi tupu, weka wa plastiki laini isiyoleta umeme tuli, ule wa karatasi uhifadhi nyuma ya kava kama umechapishwa kitu. Mifuko ya nje ya PVC ile minene inayonata, iepuke, baada ya miaka inaacha ukungu kwenye santuri. Simamisha wima, zisibanane wala zisilale, mbali na dirisha na mbali na moto. Kwenye gari lililofungwa juani hata nusu saa ni nyingi.

Hatua ya 9: Irekodi mara moja ingali mpya

Hii naisisitiza kwa singo ambazo upande B wake haupo kwenye striming, na ziko nyingi. Mchezo wa kwanza baada ya kuiosha ndo mchezo msafi kuliko yote utakaowahi kuupata. Pitisha priampu ya fono, kile kifaa kinachokuza sauti ya pleya, kwenye kadi ya sauti ya kompyuta, fungua Audacity, programu ya kurekodi ambayo ni ya bure, weka biti 24 na kilohezi 48 au 96, cheza sehemu yenye kelele zaidi uone kipimo, kilele kisizidi desibeli 6 chini ya mwisho, alafu rudi mwanzo urekodi pande zote bila kugusa meza. Hifadhi kama WAV au FLAC, usisafishe tik tik kwa programu kwenye nakala ya kwanza, fanya hivyo kwenye nakala ya pili. Kwenye jina la faili andika namba ya katalogi, upande, na ule mchongo wa katikati, kisha piga picha kava, vibandiko vyote viwili na namba yako ya kopi uviweke folda moja na sauti, ili siku ukiiuza au ukiiwekea bima una kila kitu mkononi.